Mbwa 144 kwa meza moja: hesabu ya manyoya na meno ya chotara wa pudo

Kinyozi wa mbwa anayetaka kuishi kwa kazi hiyo Dar es Salaam anahitaji mbwa 144. Kwa siku anamudu mbwa wanne, kila mmoja saa mbili. Anafanya kazi siku sita kwa wiki, na kila mbwa anarudi mezani baada ya wiki sita. Nne mara sita, mara sita tena. Jibwa la ulinzi linalobwekea geti la Tegeta halimo katika hesabu hii, wala mbwa koko wa Chamazi, kwa sababu hao manyoya yao hukua yakafika kikomo, yakapukutika yenyewe. Wanaohesabika ni mbwa ambao manyoya yao hayakomi kukua, na kwa Dar maana yake hasa ni pudo, yule wa manyoya ya kujiviringisha, pamoja na machotara wake.

Sensa ya 2022 iliikuta Kinondoni na watu 982,328 na Temeke na watu 1,346,674. Gawanya kwa 144. Ili meza moja ijae, Kinondoni inatakiwa iwe na mbwa wa namna hiyo mmoja kwa kila watu 6,800 hivi, na Temeke mmoja kwa kila watu 9,350. Ukiitazama harakaharaka ni hesabu ndogo, maana mtaa mmoja wa Mbagala una watu wengi kuliko hao. Lakini si kumpata mbwa tu. Anatakiwa mwenye mbwa atakayerudi kila baada ya wiki sita akiwa na fedha mkononi, mwezi wa ada ya shule na mwezi usio wa ada. Ndiyo maana huduma hizi zimejikusanya Masaki, Oysterbay na Mikocheni, wakati mbwa wenyewe wanazidi kusogea Mbweni, Bunju, Kijichi na Toangoma, kule watu wanakopata kiwanja chenye ua.

Pudo si mbwa wa mapambo kwa asili. Alikuwa mbwa wa wawindaji, kazi yake kuingia majini kumfuata bata aliyepigwa risasi. Ule mnyoo wa mipira ya manyoya miguuni na kifuani ulikusudiwa kumwacha aogelee kirahisi huku viungo na kifua vikikingwa na baridi ya maji. Hakuna anayehitaji kinga hiyo Kunduchi mwezi wa Februari. Uchotara wake nao ulipata umaarufu kwa sababu ya kazi. Mwaka 1989 Wally Conron, wa chama cha mbwa waongozaji wa wasioona nchini Australia, alimpandisha Labrador na pudo ili ampate mbwa wa kumwongoza mwanamke wa Hawaii ambaye mumewe alikuwa na mzio wa manyoya. Miaka mingi baadaye Conron alisema hadharani kwamba anajutia alichokianzisha, kwa jinsi wafugaji walivyoigeuza mbegu ile kuwa biashara ya kuchanganya chochote na pudo.

Katika uchotara huo ndimo gharama zinamoanzia. Mwaka 2009 watafiti walionyesha katika jarida la Science kwamba jeni tatu tu zinaeleza sehemu kubwa ya tofauti za manyoya ya mbwa: moja ya urefu, moja ya kujiviringisha, moja ya masharubu na nyusi. Chotara hupokea karata zake kwa bahati, na watoto wa tumbo moja wanaweza kutofautiana kabisa. Karata mbaya kuliko zote ni ya katikati. Mbwa anachukua manyoya laini ya ndani yanayopukutika kutoka kwa mzazi mmoja, na mawimbi kutoka kwa mwingine. Yanayopukutika hayaanguki chini, yananaswa na mawimbi, yanajisokota, yanakuwa mafundo. Muuzaji anayekuambia "huyu hapukutishi" hajakudanganya, ila amekuachia nusu ya habari: asiyepukutisha lazima anyolewe, tena mpaka mwisho wa maisha yake.

Ukubwa nao una hesabu yake. Shirikisho la kimataifa la mbwa, FCI, linatambua pudo wa vimo vinne, kuanzia sentimita 24 hadi zaidi ya 60 begani. Kwa kanuni ambayo madaktari wa mifugo hutumia kukadiria eneo la ngozi kutokana na uzito, mbwa wa kilo 5 ana mita ya mraba 0.3 hivi na wa kilo 25 ana 0.86. Uzito umepanda mara tano, eneo la kunyoa halijafika hata mara tatu. Kinyozi anayetoza kwa kilo anamwonea mwenye mbwa mkubwa. Anayetoza bei moja kwa wote anajionea mwenyewe.

Sasa tuingie nyuma ya kaunta. Kumwogesha mbwa mdogo kunamaliza ndoo mbili za lita 20, labda tatu akiwa ametoka mchangani. Mashine ya kukaushia yenye wati 2,000 ikiwaka nusu saa inakula yuniti moja ya umeme, ambayo kwa bei ya TANESCO ya matumizi ya kawaida (T1), shilingi 292 kabla ya kodi na tozo, inafika karibu shilingi 356. Shampuu, pamba ya masikio na kunoa visu vya mashine vinaongeza kidogo. Kwa hiyo anayesema saluni za mbwa ni ghali kwa sababu ya umeme na maji hajakaa na kalamu.

Tutazame mshahara. Tangu Julai 2025 kima cha chini cha mtumishi wa serikali ni shilingi 500,000 kwa mwezi, kutoka 370,000. Mpe kinyozi kiasi hicho kwa siku 26 za kazi. Akinyoa mbwa wanne kwa siku, mshahara wake unagawanywa kwa mbwa 104, sawa na shilingi 4,800 kwa mbwa. Akipata mbwa mmoja kwa siku, ni zaidi ya shilingi 19,200. Hapo hatujagusa kodi ya fremu, ambayo mwenye nyumba wa Dar anapenda kuichukua ya miezi sita kwa mkupuo, mbwa wawepo wasiwepo. Kinachopandisha bei ni meza kukaa wazi, na mteja anayefika Jumanne ndiye anayelipia Jumatatu ambayo hakuja mtu.

Upande wa mteja, tufanye, kwa kukadiria tu, kwamba kunyoa na kuogesha ni shilingi 40,000. Wiki 52 gawanya kwa sita ni safari tisa kasoro kidogo, kwa hiyo 360,000 kwa mwaka. Kisha usafiri. Konda wa daladala hampakii mbwa, na kwenye bodaboda hakai, kwa hiyo ni bajaji, tena baada ya kubembelezana na dereva. Kutoka Chamazi hadi Masaki ni kuvuka jiji zima. Weka 20,000 kwenda na kurudi, mara tisa: 180,000. Jumla 540,000, yaani umeupita mshahara wa mwezi mzima wa yule mtumishi wa kima cha chini, na theluthi ya fedha hiyo haikugusa unyoya hata mmoja. Mkazi wa Temeke anatozwa na barabara nusu nzima ya anachotozwa na kinyozi.

Wengi huamua kufanya nyumbani. Kuchana dakika 15 kila siku ni saa 91 kwa mwaka, sawa na siku 11 za kazi za saa nane. Kuchana kwenyewe si kupitisha brashi juujuu. Chanuo la chuma lazima lifike kwenye ngozi, hasa nyuma ya masikio, kwapani na mapajani. Kwa joto la Dar na unyevu wa masika, fundo lililolowa halikauki kwa siku nzima, ngozi chini yake inawasha, mbwa anajikuna, kidonda kinafunguka. Kupe nao hupenda humo, na kupe wa mbwa wa ukanda huu hubeba magonjwa ya damu ambayo matibabu yake yanameza akiba yote uliyopata kwa kuukwepa mkono wa kinyozi.

Saa hizo 91 kwa kawaida si za mwenye mbwa. Ni za dada wa kazi, na hazionekani kwenye risiti yoyote. Hapa kuna jambo ambalo mabosi wengi hulipita. Kwa madhehebu ya Shafii, yanayofuatwa na Waislamu wengi wa pwani, mate ya mbwa ni najisi nzito: kilichoguswa huoshwa mara saba, mojawapo kwa udongo. Kumpangia dada kumsafisha mbwa kinywa bila kumuuliza ni kumvunjia heshima, na kazi ya namna hiyo hufanywa nusunusu au haifanywi kabisa. Mswaki na aushike anayemwita mbwa jina.

Maoni yangu kuhusu manyoya ni mafupi kama mnyoo ninaoupendekeza: yakatwe yabaki nusu sentimita hivi, mwili mzima, bila sura ya mdoli. Mnyoo wa kidoli unapendeza siku tatu, baada ya hapo unadai kuchanwa asubuhi na jioni. Mfupi unakupa nafasi ya kusogeza safari kutoka wiki sita hadi nane, tisa, na fundo halipati cha kushika. Ila usimpeleke kwa kinyozi wa watu wa mtaani kwa sababu anachukua buku mbili tatu. Mashine yake haikutengenezwa kwa manyoya mazito hivi, inapata moto, na ngozi ya mbwa ni nyembamba kuliko yetu.

Meno ndiyo yanayoacha hasara kubwa, na yanaachwa kwa sababu hayaonekani. Mbwa mzima ana meno 42, ishirini juu na 22 chini. Pudo mdogo wa kilo nne anayo 42 yaleyale aliyonayo Labrador wa kilo 30, kwenye taya linaloenea kiganjani. Yanabanana, mengine yanakaa upande, chakula kinakwama. Mate ya mbwa hayana ukali wa asidi kama yetu, kwa hiyo meno yake hayatoboki kirahisi, lakini ukoga juu yake hugeuka ugaga upesi, ndani ya siku mbili tatu. Ukoga unaondoka kwa mswaki. Ugaga hauondoki, na kuanzia hapo unahama kutoka bei ya mswaki kwenda bei ya dawa ya usingizi.

Kupiga mswaki dakika mbili kwa siku ni saa 12 na dakika kumi kwa mwaka, chini ya moja ya saba ya muda wa kuchana. Kifaa ni mswaki laini wa mtoto, au kipande cha shashi kilichozungushwa kidoleni. Dawa ya meno iwe ya mbwa, au maji matupu. Dawa ya watu ina floridi na povu ambavyo yeye atameza, na zile zenye zailitoli, kitu cha kutia utamu, zinaweza kuishusha sukari ya mbwa ghafla na kuliharibu ini. Mfupa mgumu wa buchani si mswaki: mara nyingi gego kubwa la juu ndilo linalopasuka. Ugali laini nao haufuti kitu.

Ukichelewa, kusafisha kunahitaji mbwa alazwe usingizi kabisa. Dawa yenyewe hupimwa kwa kilo, hivyo mbwa mdogo hutumia kidogo, na watu hudhani bili itakuwa ndogo. Haiwi. Kipimo cha damu, dripu, mashine ya kukwangua, mtu wa kuangalia mapigo na pumzi kwa saa nzima, vyote gharama yake ni ileile awe na kilo nne au arobaini. Yupo atakayekuambia anakwangua mbwa akiwa macho, kwa bei nafuu. Chama cha kimataifa cha madaktari wa wanyama wadogo, WSAVA, kinakataa njia hiyo katika mwongozo wake wa meno, na sababu iko wazi: ugonjwa unakaa chini ya fizi, na mzizi wa chonge ya mbwa ni mrefu kuliko sehemu unayoiona. Kukwangua juu kunakuuzia weupe tu.

Kuna akiba moja hapa ambayo wengi huipoteza. Mtoto wa mbwa ana meno 28 ya utoto, yanayoanza kung'oka mwezi wa nne na kumalizika karibu na wa saba. Kwa mbwa wadogo chonge za utoto mara nyingi hugoma, zinabaki sambamba na za ukubwani, na kati yao ukoga unapata shimo la kudumu. Kama umepanga kumhasi karibu na umri huo, mwombe daktari amkague kinywa akiwa amelala na kuzing'oa zilizogoma siku hiyohiyo. Usingizi mmoja, kazi mbili.

Temeke, ajabu yake, ina historia ndefu na afya ya wanyama kuliko Masaki. Kituo cha daladala cha Veterinari kimepata jina kwa maabara ya serikali ya mifugo iliyopo pale, leo makao makuu ya TVLA, wakala wa maabara za mifugo nchini. Lakini taaluma nchini imelelewa na ng'ombe na kuku, na mbwa ameingia humo kwanza kwa mlango wa kichaa cha mbwa. Ni sawa: chanjo ya ugonjwa huo ikae juu ya bajeti yoyote ya manyoya.

Kwa aliye mbali na meza, njia inayolipa ni kuigeuza safari. Wenye mbwa wanne wa Kijichi wakikubaliana siku moja, kinyozi akaja na mashine yake kwenye baraza la mmoja wao, siku yake ya kazi imejaa na hajalipia fremu. Ile 20,000 ya bajaji inagawanywa kwa wanne, 5,000 kila mmoja. Kwa safari tisa, 180,000 imekuwa 45,000.