Kazi za Sayansi Zilizopo Kandokando ya Ziwa Victoria na Njia za Kuzifikia

Na Mwandishi Wetu, Mwanza

Muulize mwanafunzi wa Kidato cha Pili jijini Mwanza angependa kufanya kazi gani iwapo atasoma sayansi, na mara nyingi utapata jibu moja kati ya mawili: udaktari au uhandisi. Ni majibu mema, ila ni finyu. Mwanafunzi anayejiona hana alama za kumfikisha kwenye shahada ya udaktari huhitimisha mapema kuwa sayansi si yake, akaiacha Fizikia anapoingia Kidato cha Tatu, na kwa uamuzi huo wa siku moja akajifungia milango ambayo hakuwahi kuambiwa kuwa ipo.

Milango hiyo ipo karibu naye kuliko anavyodhani. Mfano ulio wazi zaidi ni wa chanjo.

Mwaka 2017, watafiti wa Kitengo cha Utafiti wa Tiba cha Mwanza (MITU), kilichoanzishwa mwaka 2006 kwa ushirikiano wa Taasisi ya Taifa ya Utafiti wa Magonjwa ya Binadamu (NIMR) na chuo cha tiba ya magonjwa ya kitropiki cha London, walianza utafiti uliowashirikisha wasichana 930 wenye umri wa miaka 9 hadi 14. Swali lao lilikuwa jepesi kulitamka: je, dozi moja ya chanjo dhidi ya virusi vya HPV, vinavyosababisha saratani ya mlango wa kizazi, inatosha kuuandaa mwili kujikinga, au ni lazima ziwe mbili au tatu? Wasichana waligawanywa kwa nasibu katika makundi sita, wakafuatiliwa kwa vipimo vya damu. Baada ya miaka miwili, zaidi ya 97 kati ya kila 100 waliopata dozi moja walikuwa bado na kingamwili za virusi hivyo.

Kwa nchi yenye wasichana wengi wa kuchanjwa na vijiji vingi vya mbali, tofauti ya dozi moja na mbili si jambo dogo. Ni safari moja ya muuguzi badala ya mbili, na ni msichana ambaye hapotei katikati ya ratiba kwa sababu amehama shule. Matokeo ya Mwanza yalikuwa miongoni mwa yaliyozingatiwa Shirika la Afya Duniani lilipokubali ratiba ya dozi moja mwaka 2022. Tanzania, iliyokuwa imeanza kutoa chanjo hiyo kitaifa kwa dozi mbili mwaka 2018, ilihamia dozi moja mwaka 2024 kwa wasichana wa miaka 9 hadi 14.

Sasa tazama ni nani walihitajika ili jibu hilo lipatikane. Daktari yumo, lakini yeye ni mmoja tu. Yupo muuguzi aliyechoma sindano na kumfuatilia msichana kwa miezi mingi. Yupo mteknolojia wa maabara aliyeitenganisha damu na kuihifadhi, na mfamasia aliyelinda mnyororo baridi ili chanjo isiharibike. Yupo mtakwimu aliyekokotoa, kabla ya sindano ya kwanza, ni wasichana wangapi wanahitajika ili matokeo yaaminike. Huyu huenda hajawahi kugusa sirinji maishani mwake, na somo lake kuu ni Hisabati. Yupo mtaalamu wa kompyuta aliyetunza kumbukumbu, na yupo ofisa aliyekaa na wazazi kuwaeleza utafiti ni nini na kuomba ridhaa yao.

Hiyo haikuwa mara ya kwanza kwa Mwanza. Mwaka 1995 ulimwengu ulisoma matokeo ya utafiti uliofanyika katika jamii 12 za vijijini mkoani humo, yaliyoonesha kuwa kuboresha tiba ya magonjwa ya ngono katika vituo vya kawaida vya afya kulipunguza maambukizi mapya ya VVU kwa takribani asilimia 40.

Njia ya kuingia katika kazi hizo haianzii Kidato cha Sita peke yake, na hapa ndipo wazazi wengi hukosa taarifa. Programu nyingi za stashahada za afya, ikiwemo maabara na utabibu, humpokea mhitimu wa Kidato cha Nne aliyefaulu Kemia, Baiolojia na Fizikia. Mwanafunzi aliyeiacha Fizikia kwa sababu "ni ngumu" hugundua baada ya matokeo kwamba ufaulu wake mzuri wa Baiolojia haumfikishi alikokusudia. Anayetaka kubobea anaweza kuendelea hadi shahada bila kuuvuka mkoa, kwa kuwa Chuo Kikuu cha Sayansi za Afya na Tiba kipo Bugando.

Ziwa lenyewe ni maabara kubwa zaidi. Lina eneo la takribani kilomita za mraba 68,800, na karibu nusu yake ipo Tanzania. Kijana aliyekulia mwaloni anamtofautisha sato na sangara tangu utotoni, na hayo ni maarifa ambayo wengine hulazimika kuyasomea. Kuanzia mwaka 1977 watafiti kutoka Uholanzi walipiga kambi Mwanza kuwachunguza furu, jamii ya samaki wadogo wenye spishi zaidi ya 500 katika ziwa hili. Spishi mojawapo, iliyoelezwa kitaalamu mwaka 1985, ilipewa jina la Mwalimu Nyerere. Spishi nyingi za furu zilitoweka baada ya sangara kuongezeka, na sehemu kubwa ya tunayoyajua kuhusu msiba huo iliandikwa na wageni. Hakuna ubaya wowote katika hilo, ila ni haki kutarajia kwamba sura zinazofuata ziandikwe na vijana wa Ilemela, Sengerema na Ukerewe.

Nafasi zipo. Ufugaji wa samaki kwenye vizimba, ambao Serikali iliupa msukumo ilipokabidhi boti na vizimba jijini Mwanza Januari 2024, unahitaji mtu anayeelewa maji. Maji ya moto hushika oksijeni kidogo kuliko ya baridi. Usiku mwani huacha kutengeneza oksijeni huku ukiendelea kuitumia. Upepo unapoyapandisha juu maji ya chini yaliyokosa oksijeni, samaki waliomo kizimbani hawana pa kukimbilia. Fizikia, Kemia na Baiolojia hukutana hapo, katika mtaji wa mfugaji. Wakala wa Elimu na Mafunzo ya Uvuvi (FETA) una kampasi Nyegezi, na Taasisi ya Utafiti wa Uvuvi (TAFIRI) ina kituo Mwanza.

Nchi kavu nako hakukosi kazi: Ukiriguru, wilayani Misungwi, ndiko ilikozalishwa mbegu ya pamba ya UK91, na Daraja la Kigongo–Busisi lililozinduliwa Juni 2025 litahitaji mafundi na wahandisi wa kulikagua kwa miongo mingi ijayo. VETA ipo Nyakato kwa wanaopenda kuanza na ufundi.

Kuhusu Kidato cha Tano, tahasusi zimeongezeka hadi 65 tangu mwaka 2024, jambo linalofanya ushauri wa mwalimu kuwa muhimu zaidi. Baada ya matokeo ya Kidato cha Nne, mhitimu hupewa muda wa kubadili tahasusi au chuo kupitia mfumo wa TAMISEMI, na ni vema mzazi akae naye wakati huo. Kwa wanaofanya vizuri zaidi katika sayansi Kidato cha Sita, upo Ufadhili wa Samia ulioanza mwaka wa masomo 2022/2023. Kwa wasichana, Serikali ilianzisha mpango wa kujenga shule 26 za sekondari za sayansi, moja kwa kila mkoa wa Tanzania Bara.

Kila Agosti, taasisi za utafiti za kanda huonesha kazi zao katika viwanja vya Nanenane vya Nyamhongolo. Mwanafunzi anayefika bandani asiishie kuchukua kipeperushi. Amuulize mtaalamu aliye mbele yake mambo mawili: alisoma masomo gani Kidato cha Nne, na alipita chuo kipi kabla ya kufika hapo.