Si Kila "Table" ni Meza: Maana ya Wazi na Maana ya Kitamathali katika Tafsiri

Watu wengi hudhani kwamba maneno yanayomtaabisha mfasiri ni yale mazito ya sayansi na ya sheria. Kwa kweli neno zito humtia mtu hadhari: akilikuta husimama, hufungua kamusi, au humwendea mjuzi akamwuliza. Neno jepesi ndilo linalompita bila ya kubisha hodi, kwa kuwa alijifunza maana yake darasani akiwa mtoto na hajapata sababu ya kuiuliza tena.

Wakati fulani niliipitia tafsiri ya muhtasari wa mkutano wa jumuiya moja ya kimataifa. Kifungu kimoja kilieleza kwamba pendekezo la kuongeza mchango wa wanachama "liliwasilishwa mezani". Sikuona kosa, nikaipitisha. Ofisi iliyoipokea tafsiri hiyo ikaanza kutayarisha majibu, ikiamini kwamba pendekezo lingali linajadiliwa. Swali lilipoulizwa baadaye ndipo tulipoirudia nakala ya Kiingereza, iliyoandikwa na katibu Mmarekani. Tukakuta kwamba pendekezo lile lilikwisha kuwekwa kando kwa kura, na mkutano haukulirudia tena. Maafisa walikuwa wamefanya kazi ya siku kadhaa kulijibu jambo lililokufa. Kosa halikutoka katika istilahi yoyote ya fedha wala ya utawala. Lilitoka katika neno "table", ambalo kila mwanafunzi wa shule ya msingi hulijua.

Makala haya yanakusudia kulichambua neno hilo moja. Si kwamba lina ugumu wa pekee, bali linaonyesha vizuri jinsi maana ya wazi na maana ya kitamathali zinavyomtega mfasiri.

Asili ya neno

Neno "table" limetokana na neno la Kilatini "tabula", na lilipita katika Kifaransa kabla ya kukita katika Kiingereza. Maana ya "tabula" ilikuwa ubao: ubao wa kuandikia, ubao wa kutangazia sheria, ubao wa kuchezea. Kifaa chenye miguu tunachokilia chakula ni tawi moja tu la maana hiyo.

Neno letu "meza" lina historia nyingine. Tumelipata kwa Wareno, kama tulivyopata "bendera", "leso" na "gereza", nao Wareno walilipata katika neno jingine la Kilatini lililotaja meza yenyewe. Kwa hiyo "meza" ya Kiswahili haikurithi habari za ubao hata kidogo. Hukutana na "table" mahali pamoja tu, penye kile kifaa cha miguu minne, kisha kila moja huenda zake. Mfasiri anayeyachukua maneno haya mawili kuwa ni pacha amekwisha kupotea kabla ya kuanza safari.

Jedwali

Maana ya kwanza ya kitamathali ni ile ya takwimu au maneno yaliyopangwa katika safu. Maana hii imetoka moja kwa moja katika ubao wa kuandikia. Hapa Kiswahili hakina shida, kwa kuwa tunalo neno "jedwali": jedwali la kuzidisha, jedwali la mishahara, na jedwali la elementi ambalo Dmitri Mendeleev alilitangaza mwaka 1869.

Yafaa tukumbuke kwamba "jedwali" nalo lilianza kuwa tamathali. Katika Kiarabu, neno tulikolitoa lina maana ya kijito au mfereji mdogo wa maji, na pia maana ya safu zilizopangwa. Waarabu waliziona safu za tarakimu kama mifereji inayopita shambani, na Waingereza waliziona kama maandishi juu ya ubao. Picha ni mbili mbali mbali, lakini kazi ni moja. Hili ndilo jambo ambalo mfasiri hana budi kulishika: kinachofasiriwa ni kazi inayofanywa na picha, wala si picha yenyewe.

Hata hivyo "jedwali" linataka uangalifu katika sheria. Tangu marekebisho ya mwaka 2021 yalipokifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na ya mahakama nchini Tanzania, kazi ya kufasiri sheria imeongezeka sana. Sehemu zinazoambatishwa mwishoni mwa sheria huitwa "Nyongeza" katika Katiba ya Jamhuri ya Muungano ya mwaka 1977, na katika sheria nyingine huitwa "Jedwali". Ikiwa ndani ya Jedwali la Pili mna jedwali la ada, msomaji atachanganyikiwa asijue ni lipi linalotajwa. Penye hali hiyo, neno "Nyongeza" lishike nafasi ya sehemu ya sheria, na "jedwali" libaki kwa safu za tarakimu.

Ardhi na maji

Wataalamu wa maji hutumia neno hili kwa kutaja mpaka wa juu wa tabaka la ardhi ambamo kila upenyo wa mwamba na udongo umejaa maji. Nimepata kuona maandishi ya mafunzo yaliyouita mpaka huo "meza ya maji". Mwanafunzi anayeyasoma maneno hayo atawaza kitu kilichonyooka kama ubao, tena kisichosogea. Mpaka huo sivyo ulivyo. Kwa kawaida huinuka chini ya vilima na kushuka kuelekea mabondeni. Hupanda baada ya masika na kuteremka wakati wa kiangazi au pale maji yanapotekwa kwa wingi kupita kiasi. Kisima kisichofika chini ya mpaka huo wakati wa ukame hukauka. Kwa sababu hiyo "kiwango cha maji ya ardhini" ni bora zaidi. Mwanakijiji akiambiwa kwamba kiwango cha maji ya ardhini kimeshuka, atafahamu mara moja kwamba kisima chake kina hatari. Akiambiwa kwamba meza ya maji imeshuka, atamtazama afisa kwa mshangao.

Mambo ni tofauti kwa mlima maarufu ulio juu ya mji wa Cape Town. Huo huitwa Mlima Meza na jina linafaa, maana kilele chake ni bapa na kila autazamaye huiona meza. Pale ambapo picha inaonekana kwa macho ya watu wetu, hatuna sababu ya kuikataa.

Meza ya mazungumzo

Katika siasa tumeipokea tamathali ya "meza ya mazungumzo", na magazeti na redio huitumia kila siku. Tumepokea pia "meza ya duara". Mkutano uliofanyika Brussels kuanzia Januari 20 hadi Februari 20, 1960, ambapo viongozi wa Kongo na serikali ya Ubelgiji walikubaliana kwamba uhuru uwe Juni 30 mwaka huo, unajulikana kwa jina la Mkutano wa Meza ya Duara. Tamathali hii hufasirika bila ya kupoteza kitu, kwa sababu umbo lenyewe ndilo linalosema: duara haina kichwa, na kila aliyeketi ana haki sawa na mwenzake.

Lakini tusisahau kwamba watu wetu walikuwa wakishauriana kabla ya kuwapo meza. Walikaa barazani, wakatandika jamvi, na walipomaliza shauri walikunja jamvi. Mpaka leo twasema kwamba mkutano "umekunja jamvi", hata kama wajumbe walikalia viti. Basi mfasiri akikuta sentensi ya Kiingereza inayosema kwamba watu wameondoka mezani kwa maana ya kumaliza shauri, anayo tamathali ya nyumbani iliyo tayari. Ila na aangalie: kukunja jamvi ni kumaliza kwa heri. Ikiwa upande mmoja uliondoka kwa hasira, aseme wazi kwamba ulisusia mazungumzo.

Kibao kimegeuka

Waingereza husema kwamba "tables" zimegeuka wakiwa na maana ya kwamba aliyekuwa juu sasa yuko chini. Mwalimu akimwambia mwanafunzi afasiri neno kwa neno, atapata "meza zimegeuzwa", na msikilizaji atadhani kwamba pametokea ghasia ukumbini. Vitu vinavyotajwa katika msemo huo havikuwa meza za kulia. Vilikuwa vibao vya mchezo wa kete: kibao kikigeuzwa, kila mchezaji hujikuta katika nafasi ya mpinzani wake.

Nasi tunasema nini? Tunasema "kibao kimemgeukia". Sidai kwamba msemo mmoja umetokana na mwingine. Ninalosema ni kwamba mfasiri anayeng'ang'ania meza hatakiona kibao kilichomo katika lugha yake mwenyewe, na kibao hicho ndicho kilicho karibu zaidi na maana ya asili ya neno la Kiingereza.

Mezani pa bunge

Sasa turudi kwenye kosa nililolitaja mwanzoni. Katika Bunge la Uingereza, na katika mabunge yaliyofuata desturi zake, "table" likiwa kitenzi maana yake ni kulileta jambo mbele ya wajumbe ili lijadiliwe. Meza inayotajwa ni meza halisi iliyo katikati ya ukumbi, ambayo hati huwekwa juu yake. Bunge la Tanzania limeifuata desturi hiyo. Katika taarifa zake rasmi ziitwazo Majadiliano ya Bunge hupatikana kichwa cha habari "Hati Zilizowasilishwa Mezani", na kila mbunge huelewa kwamba hati hizo sasa ziko mbele ya Bunge.

Nchini Marekani kitenzi hicho hicho kina maana iliyo kinyume. Kuliweka jambo mezani ni kuliacha pale pale juu ya meza, lisishughulikiwe. Mwaka 1876 Henry M. Robert, ofisa mhandisi wa jeshi la nchi hiyo, alichapisha kitabu cha kanuni za mikutano ambacho vyama vingi vya Kimarekani hukifuata. Kwa mujibu wa kanuni hizo, jambo lililowekwa mezani hukaa kando kwa muda, mpaka wajumbe wapige kura ya kulirudia. Katika Baraza la Wawakilishi la nchi hiyo mambo ni makali zaidi: hoja ya kuliweka jambo mezani ikipita, jambo hilo limekwisha.

Tofauti hii imewatatiza hata wenye lugha. Winston Churchill alisimulia katika juzuu ya tatu ya kumbukumbu zake za Vita Kuu ya Pili, iliyotolewa mwaka 1950, jinsi maafisa wa Kiingereza walivyotaka waraka mmoja wa haraka uwekwe mezani. Wenzao wa Marekani wakakataa, kwa kuwa wao waliuona waraka huo kuwa wa maana sana. Walibishana kwa muda mrefu, tena kwa ukali, kabla ya kutambua kwamba pande zote mbili zilitaka jambo moja. Ikiwa hivyo ndivyo ilivyowatokea watu ambao Kiingereza ni lugha yao ya mama, mfasiri wetu hana sababu ya kuona haya kuuliza. Kuuliza si ujinga.

Haja ya kuuliza inazidi kukua. SADC ilikipokea Kiswahili kuwa lugha rasmi mwaka 2019, na Umoja wa Afrika ukakipokea kuwa lugha ya kazi mwaka 2022. Hati zinazotufikia zimeandikwa na makatibu wa nchi nyingi, na kila mmoja ana Kiingereza cha huko alikosomea.

Mapendekezo

Kutokana na maelezo haya, tunapendekeza yafuatayo:

(a) Kitenzi hicho kinapokuwa na maana ya kuleta jambo lijadiliwe, kifasiriwe "kuwasilisha". Neno "mezani" liongezwe tu panapohusika bunge au baraza lenye desturi hiyo.

(b) Kinapokuwa na maana ya Kimarekani, kifasiriwe "kuweka kando" au "kuahirisha bila ya kutaja siku". Neno "mezani" lisitumike kabisa, maana litampotosha msomaji wa Kiswahili.

(c) Kabla ya kuchagua, mfasiri atazame mkutano ulifanyika wapi na kwa kanuni zipi, kisha asome vifungu vinavyofuata. Jambo lililowasilishwa hufuatwa na mjadala; jambo lililowekwa kando hufuatwa na ajenda nyingine. Ikiwa maandishi hayaonyeshi, amwandikie aliyeyaleta.

(d) Walimu wa tafsiri wasiwape wanafunzi neno peke yake na kutaka maana yake. Wawape sentensi kamili, na wawaulize kwanza: neno hili linafanya kazi gani hapa?

Wahenga walisema kwamba mtaka cha mvunguni sharti ainame. Maana ya maneno mepesi mara nyingi imo mvunguni, na mfasiri asiyeinama atatoka na meza tupu. Tunawaomba wasomaji, hasa walio katika mahakama, halmashauri na vyuo vya ualimu, watuletee maneno mengine ya namna hii waliyokutana nayo kazini pamoja na sentensi zake kamili, ili yachambuliwe katika matoleo yajayo.