Mbunifu wa mandhari si fundi
Mwaka jana niliandika kwa Kiswahili orodha ya majina ya filamu fupi ya wenzetu. Aliyechagua nyumba, rangi za kuta na hata sufuria nilimwita «fundi». Hakulalamika, lakini nilikosea.

Fundi hutekeleza, huyu huamua. Husoma hadithi, hushauriana na mwongozaji, kisha hugeuza maneno kuwa mahali. Katika filamu huru fedha ni chache, basi mmoja hushika kazi mbili. Katika *Neptune Frost* (2021), iliyopigwa Rwanda, Cedric Mizero alibuni mandhari na mavazi pia, kwa vipande vya kompyuta zilizotupwa. Kisa chenyewe kinaanzia kwenye mgodi wa koltani.

Uhakiki wetu tayari una neno «mandhari». Napendekeza «mbunifu wa mandhari». Anayeitwa fundi hulipwa kama fundi.