Mpangaji au mwenye leseni? Jina la mkataba peke yake haliamui

Unalipa kila mwezi, ufunguo unao, bidhaa zako zimejaa kwenye rafu. Asubuhi moja unakuta kufuli jipya mlangoni na barua inayosema leseni yako imekwisha. Neno hilo, ambalo pengine hukulitilia maanani ulipotia saini, ndilo litakalozua swali la kwanza mbele ya sheria: wewe ulikuwa mpangaji, au mtu aliyeruhusiwa tu kuwepo?

Leseni inayozungumziwa hapa si ile ya biashara inayobandikwa ukutani. Katika sheria ya ardhi, leseni ni ruhusa. Inahalalisha jambo ambalo bila ruhusa hiyo lingekuwa kosa, yaani kuingia kwenye mali ya mtu. Majaji wa Uingereza walilieleza hivyo tangu 1673, katika kesi ya Thomas dhidi ya Sorrell. Mgeni wa hoteli ana leseni. Aliyelipia ukumbi wa harusi kwa siku moja ana leseni pia. Hakuna kati yao aliyepata sehemu ya mali yenyewe.

Upangaji ni zaidi ya ruhusa. Mwenye mali anakukatia kipande cha haki yake kwa muda fulani, na katika muda huo mahali hapo ni pako: unaweza kumzuia kila mtu asiingie, hata yeye mwenyewe. Ndiyo maana, kwa kawaida, jengo likiuzwa mpangaji huendelea na mnunuzi humkuta mle ndani. Mwenye leseni hana kinga hiyo, kwa kuwa aliahidiana na mtu, na mtu huyo ameshaondoka. Akitaka fidia, atamdai aliyempa ahadi.

Basi kwa nini kila mwenye jengo asiandike tu “leseni” juu ya karatasi? Wengi wamejaribu. Kesi inayotajwa zaidi ilitokea Uingereza. Mwezi Machi 1983 Bw. Street, ambaye mwenyewe alikuwa wakili, alimpa Bi. Mountford vyumba viwili huko Boscombe, mjini Bournemouth, kwa pauni 37 kwa wiki. Karatasi iliitwa leseni, na Bi. Mountford alitia saini kukubali kwamba haimpi ulinzi wa sheria za kodi za nyumba. Miezi michache baadaye akaomba apangiwe kodi ya haki, jambo ambalo ni mpangaji tu angeweza kuliomba.

Alishinda mahakama ya chini, akashindwa kwenye rufaa, na mwaka 1985 Baraza la Malord, wakati huo mahakama ya juu kabisa nchini humo, likampa ushindi. Lord Templeman alisema, kwa maana, kwamba ukitengeneza uma wa kuchimbia wenye meno matano, utabaki kuwa uma hata ukiapa kwamba ulikusudia kutengeneza sepeto. Kipimo ni hali halisi: je, mtu amepewa mahali awe nako peke yake, kwa muda unaojulikana, kwa malipo ya kodi? Kama ndiyo, kwa kawaida huyo ni mpangaji.

Mkataba ule ulikuwa na kifungu kilichomruhusu Bw. Street kuingia kukagua na kufanya matengenezo. Ungedhani kinambana Bi. Mountford. Kumbe kinamsaidia! Mtu anayelazimika kujiwekea ruhusa ya kuingia anakiri kwamba, bila kifungu hicho, asingekuwa na haki ya kuingia.

Vifungu vya kujifanya navyo havisaidii. Mwaka 1988 Malord hao walikutana na mkataba uliompa mwenye nyumba haki ya kuleta watu wengine waishi na mwanamume na mwanamke waliokuwa wakikaa pamoja kwenye nyumba ndogo ya chumba kimoja cha kulala. Hakuna aliyekusudia jambo hilo litokee. Walihesabiwa kuwa wapangaji.

Wapo watu ambao kweli si wapangaji. Mlinzi anayekaa chumba cha getini ili afanye kazi yake vizuri zaidi, ndugu aliyepewa chumba kwa hisani, na anayelala kwenye nyumba ambamo mwenyewe huingia na kutoka kumpikia na kumfanyia usafi.

Maamuzi hayo ya Uingereza hayazifungi mahakama za Kenya, lakini husomwa huko, na tofauti hii ina uzito mkubwa kwa wenye maduka. Sheria ya Kenya ya mwaka 1965, Sura ya 301, inawalinda wapangaji wa maduka, hoteli na sehemu za kuuzia chakula ambao hawana mkataba wa maandishi, au wenye mkataba wa maandishi usiozidi miaka 5. Mwenye jengo hawezi kumwondoa mpangaji wa aina hiyo kwa barua ya kawaida wala kwa kufuli. Ni lazima atumie fomu maalum ya ilani, ataje sababu, na atoe angalau miezi miwili.

Lakini sheria hiyo inazungumzia upangaji. Kwa hiyo mgogoro ukifika kwenye baraza la kodi za majengo ya biashara, wakili wa mwenye jengo anaweza kuanza kwa kusema kwamba hii ni leseni na baraza halina mamlaka. Hapo yanatafutwa mambo madogo madogo. Nani alikuwa na funguo? Ulikuwa na chumba chako chenye mlango, au meza ambayo meneja angeweza kuihamishia kona nyingine wakati wowote? Stakabadhi zimeandikwa kodi, au ada? Mwenye meza ile ana kazi ngumu. Mwenye chumba ana la kusema, hata kama karatasi yake inasema leseni.

Ukipata ilani kwenye fomu hiyo, usiiweke kwenye droo. Una mwezi mmoja kumjibu mwenye jengo kwa maandishi kama unakubali au la, na ukipinga, shauri lifike kwenye baraza kabla ya tarehe ambayo ilani inaanza kufanya kazi. Likifika kwa wakati, upangaji unaendelea hadi baraza liamue.