Fahamu: Valérie André, daktari aliyerusha helikopta vitani

Valérie André ni nani?
Ni Mfaransa aliyefariki dunia Januari 2025 akiwa na umri wa miaka 102, mmoja wa wanawake wa kwanza duniani kurusha helikopta katika uwanja wa vita.

Alianzaje?
Alizaliwa Strasbourg mwaka 1922, akasomea udaktari, kisha akapelekwa kwenye vita vya Indochina kama daktari wa jeshi. Majeruhi wengi walikata roho kabla ya kufikishwa hospitali, hivyo akajifunza kurusha helikopta ili awafuate mwenyewe.

Alifanyaje kazi?
Helikopta yake aina ya Hiller ilikuwa ndogo. Majeruhi wawili walilazwa kwenye machela zilizofungwa nje, moja kila ubavu. Kwa chombo kisichohimili uzito mkubwa, wepesi wa mwili wake ulikuwa faida. Aliruka safari 129 na kuokoa watu 165. Baadaye alihudumu Algeria.

Alifika wapi?
Mwaka 1976 akawa mwanamke wa kwanza Ufaransa kupata cheo cha jenerali. Wasichana wanaotamani urubani wa kijeshi wana haki ya kulijua jina hili, na walimu wao wana wajibu wa kulifundisha.