Swali la Mpemba



Wengi wetu darasani tunaogopa kuuliza, tunachelea kuchekwa. Kwa hiyo tumeona tuwasimulie habari ya mwanafunzi wa nchi yetu hii aliyechekwa kwa swali lake.

Mwaka 1963 Erasto Mpemba alikuwa kidato cha tatu, Shule ya Sekondari Magamba, Lushoto. Wanafunzi walikuwa wakitengeneza aiskrimu: huchemsha maziwa, hutia sukari, huyaacha yapoe, ndipo huyaweka ndani ya friza. Siku moja nafasi ilikuwa ya kugombania. Mwenzake akaweka maziwa yasiyochemshwa. Mpemba akaona akisubiri atakosa, akaweka yake yakiwa ya moto. Baada ya saa moja na nusu ya Mpemba yalikuwa yameganda, ya mwenzake bado uji mzito!

Mwalimu alimwambia amechanganyikiwa. Alipofika Mkwawa, Iringa, aliuliza tena, akaambiwa hiyo ni fizikia ya Mpemba tu.

Hapa ndipo tunapotaka mpaangalie. Hakubaki kubishana. Alikuta maabara iko wazi, akaweka kwenye friji maji ya bomba na maji ya moto katika vyombo viwili vinavyolingana. Baada ya saa moja, chombo cha maji ya moto kilikuwa na barafu nyingi zaidi, lakini maji hayakuwa yameganda yote. Akaona hiyo haijawa dalili ya kutosha, itabidi arudie. Ni wangapi kati yetu wangekubali hivyo?

Baadaye Dk. Denis Osborne, mhadhiri wa fizikia kutoka Dar es Salaam, alitembelea shule. Mpemba akamuuliza, wenzake wakacheka. Osborne hakucheka, alisema hajui, akaenda kujaribu. Mwaka 1969 wawili hao walichapisha makala pamoja.

Jambo halikuishia hapo. Mwaka 2016 wataalamu wawili wa Uingereza, Burridge na Linden, walirudia majaribio na hawakuona ushahidi wa kuridhisha. Walionyesha kuwa kipimajoto kikikaa juu au chini kwa sentimeta moja tu, jibu laweza kubadilika. Hiyo si aibu kwa Mpemba, maana swali lake bado linapimwa.

Sisi hapa Kakonko hatuhitaji friza. Mama zetu husema maharage yaliyolowekwa usiku kucha huiva upesi. Upesi kwa dakika ngapi? Chukueni vikombe viwili vya maharage ya gunia moja, kimoja kilowekwe, kingine kisilowekwe. Sufuria zilingane, maji yalingane, moto ulingane. Mkichanganya, huku maharage mapya na kule ya mwaka jana, hamtajua tofauti imeletwa na kuloweka au na ukuukuu. Rudieni mara tatu, na dakika ziandikwe zote, hata zile zinazowapinga. Atakayepata jibu tofauti na la mama yake asiogope kulileta, ila kwanza aje na daftari.