Teguka: neno moja, misimbo mitatu

teguka *kitenzi si elekezi.* 1. (mtego, kitendawili) kuondokewa na hali ya kutegwa. 2. (kiungo cha mwili) kuhama mahali pake, au kuumia bila kuhama. *Nomino:* mteguko (mi-).

Maana ya pili ya kitenzi hiki ndiyo tunayoichambua hapa. Mchukuzi wa Kariakoo asemapo, "Bega langu limeteguka," mwenzake wa Mtaa wa Kongo humwelewa papo hapo: kaumia kiungo, leo habebi. Kwa mazungumzo ya mtaani, maana hiyo yatosha. Haitoshi mbele ya mganga anayepaswa kuandika jina la jeraha, wala mbele ya mtunza kumbukumbu anayepaswa kulipa jeraha hilo msimbo, kwa kuwa neno hilo moja laweza kuangukia katika misimbo mitatu tofauti. Bega linaloathirika zaidi na utata huo ni lile lililotoka nusu kisha likarudi lenyewe.

Asili ya neno

Mzizi ni *tega*. Kauli ya kutendua huligeuza tendo: *ziba* huzaa *zibua*, *kunja* huzaa *kunjua*, na *tega* huzaa *tegua*. Mtego uliotegwa huteguliwa. Kitendawili kilichotegwa huteguliwa. Lugha imekitazama kiungo vivyo hivyo, kama kitu kilichotegwa mahali pake kwa uangalifu, ambacho mkupuo mmoja waweza kukitegua.

Jirani zake ni watatu. *Tenguka* hutumika pia kwa kiungo, na si kosa. Ila siku hizi masikio ya wengi hulihusisha zaidi na uteuzi uliotenguliwa, au na udhu uliotenguka. *Shtuka*, kama katika "mkono umeshtuka", hudokeza maumivu ya ghafla ya kano au misuli pasipo mfupa kuhama. *Chomoka* ni kinyume chake: msemaji ameona au amehisi mfupa ukitoka kabisa. Tatizo ni kwamba *teguka* huweza kushika nafasi ya yote matatu.

Bega la Kariakoo

Jina lenyewe la Kariakoo lina historia ya mabega. Limetokana na Carrier Corps, kikosi cha wapagazi wa jeshi la Uingereza katika Vita vya Kwanza vya Dunia; Nairobi nayo ina Kariokor, kwa asili hiyohiyo. *Mpagazi* hutokana na *pagaa*, yaani kubeba begani. *Hamali* ni neno la Kiarabu, *kuli* limetoka Bara Hindi, na *mchukuzi* ni la Kibantu. Majina ni mengi kwa sababu kazi ni kongwe, na bado ipo: belo la mitumba lenye kilo 45 hupandishwa ngazi za ghorofa, na gunia la lumbesa, lililojazwa hadi kushonewa kilemba juu, hushushwa kutoka kwenye lori.

Bega ndicho kiungo chenye uhuru mkubwa kuliko vyote mwilini, na uhuru huo una gharama. Kichwa cha mfupa wa mkono ni kikubwa, ilhali kikombe cha kombe la bega kinachokipokea ni kifupi. Kazi ya kukishikilia kichwa imeachiwa zaidi ukingo wa gegedu, kano na misuli. Mzigo unapoteleza na mbebaji akaudaka kwa mkono ulioinuliwa na kugeukia nje, kichwa husukumwa mbele. Mitego mingi ya bega huteguka kuelekea huko huko mbele. Kikitoka chote na kubaki nje, huo ni mteguko kamili. Kikitoka sehemu tu kisha kikarudi, huo ni mteguko nusu, ambao wataalamu wengine huuita sablaksesheni.

Tofauti ya hali hizi mbili haiishii katika umbali. Ushahidi nao ni tofauti. Katika mteguko kamili, bega hupoteza mviringo wake na picha ya eksirei huonyesha mfupa ulipo. Katika mteguko nusu, mgonjwa afikapo hospitalini kichwa kimekwisha kurudi, na picha yaweza kuonyesha kiungo kilichokaa sawasawa. Hapo ushahidi mkubwa ni maneno ya mgonjwa mwenyewe. Akisema "limeteguka" na msikilizaji akaandika "limeshtuka", tukio limepotea katika kumbukumbu.

Misimbo mitatu

*Msimbo* ni alama ya herufi na tarakimu inayosimama badala ya jina la ugonjwa, ili taarifa za hospitali mbalimbali ziweze kuhesabiwa pamoja. Lisitumike *kodi* kwa maana hii: kodi hulipwa kwa serikali au kwa mwenye nyumba. Uainishaji wa kimataifa wa magonjwa ulianzia katika orodha ya sababu za vifo ya Mfaransa Jacques Bertillon, iliyokubaliwa Chicago mwaka 1893. Toleo la kumi, maarufu kama ICD-10, liliidhinishwa na Mkutano Mkuu wa Afya Duniani mwaka 1990. La kumi na moja lilianza kutumika rasmi Januari 2022.

Katika ICD-10, herufi S hubeba majeraha, na S43 ni kundi la miteguko ya viungo vya bega na la kuvutika au kuchanika kwa kano zake. Mchukuzi wetu aliyesema "limeteguka" aweza kuwa katika mojawapo ya nafasi hizi:

- S43.0, mteguko wa kiungo cha bega. Mfupa ulihama, wote au nusu.
- S43.4, kuteguka kwa maana ya kushtuka: kano zimevutika au kuchanika, mfupa haukuhama.
- M24.4, mteguko unaojirudia. Herufi M ni ya maradhi ya misuli, mifupa na viungo: si jeraha jipya tena, bali kiungo kilichozoea kutoka.

Toleo la kimataifa halina tarakimu ya kutenga nusu na kamili. Yote mawili hukaa katika S43.0. Marekani wamelirefusha toleo lao ili kuyatenga: S43.011 ni mteguko nusu wa mbele, bega la kulia, na S43.014 ni mteguko kamili wa upande huohuo, kisha hufuata herufi ya kuonyesha hatua ya matibabu. Kwa hiyo anayetumia toleo la kimataifa hawezi kuutegemea msimbo umsemee kila kitu. Neno *nusu*, upande wa bega, na mwelekeo wa mfupa ni lazima viandikwe kwa maneno kando ya msimbo. Chanzo cha jeraha kina msimbo wake pia: X50 ni nguvu iliyopita kiasi, kama ya kunyanyua mzigo mzito.

Kwa nini neno liwe sahihi

Kijana aliyetegukwa bega mara moja yumo katika hatari kubwa ya kutegukwa tena. Akiandikiwa S43.4, atapewa dawa ya maumivu, atapumzika siku chache na kurudi kwenye belo. Bega likitoka tena, huenda akaenda kituo kingine na kuandikiwa vilevile. Atakapopewa rufaa hadi Taasisi ya Mifupa Muhimbili, MOI, karatasi zake zitasimulia habari za mtu aliyeshtuka mara kadhaa, si za mtu ambaye kiungo chake kimelegea na chahitaji mazoezi ya tiba au upasuaji. Aliye na bima huathirika pia, kwa kuwa tiba inayodaiwa hupimwa kwa kulinganishwa na ugonjwa ulioandikwa. Na kwa mtu anayelipwa kwa kila mzigo, kila siku ya utambuzi uliopotoka ni siku isiyo na ujira.

Kwa sababu hiyo, "mteguko mdogo" si tafsiri nzuri ya mteguko nusu. *Mdogo* hupima uzito wa jeraha, ilhali *nusu* hupima umbali ambao mfupa ulihama. Ukingo wa gegedu waweza kuchanika hata mfupa usipotoka wote. Atakaye urefu aseme "mteguko usio kamili", maana haipotei.

Maswali ya kulitegua neno

Mgonjwa hana wajibu wa kujua istilahi. Wajibu wa kuuliza ni wa anayeandika, na maswali yawe ya Kiswahili cha kila siku:

1. "Pole sana, kaka. Bega lilitoka, au liliuma tu bila kutoka?"
2. "Lilirudi lenyewe, au kuna mtu aliyelivuta?"
3. "Hii ni mara ya ngapi?"
4. "Mkono ulikuwa wapi mzigo ulipoteleza?"
5. "Unahisi ganzi sehemu yoyote ya mkono?"

Swali la kwanza hutenga S43.0 na S43.4. La pili hutenga nusu na kamili. La tatu ndilo mlango wa M24.4. La nne hueleza mwelekeo. La tano halibadilishi neno, lakini lisiachwe: ganzi upande wa nje wa bega yaweza kuashiria kuumia kwa mshipa wa fahamu. Bega lililobaki nje lisivutwe wala kuchuliwa na wapita njia. Lifungwe kwa kitambaa jinsi lilivyo na mgonjwa apelekwe hospitalini.

Muhtasari wa matumizi

- *Shtuka*: kano au misuli imeumia, mfupa haukuhama. "Bega limeshtuka alipovuta mkokoteni."
- *Teguka nusu*: mfupa ulihama sehemu kisha ukarudi. "Bega la kulia liliteguka nusu kuelekea mbele, likarudi lenyewe."
- *Teguka kabisa*, au *chomoka*: mfupa ulitoka wote. "Bega liliteguka kabisa, likarudishwa hospitalini."
- *Teguka mara kwa mara*: kiungo kimelegea. "Tangu mwaka jana bega lake huteguka mara kwa mara."

Katika mazungumzo, *teguka* peke yake ni Kiswahili sanifu na halihitaji kusahihishwa. Katika faili la mgonjwa liongezewe neno la pili, ama *nusu*, ama *kabisa*, ama *mara kwa mara*. Likikosa mwenzake, msomaji wa faili hilo atalazimika kubahatisha, na gharama ya kubahatisha itabebwa na mwenye bega.